Uamuzi Mgumu Usifanywe Gizani



Binti zangu wananicheka. Wanasema, mama wa miaka 52, anayeamka mapema kwenda kwenye ibada ya asubuhi, anawezaje kukaa usiku mbele ya televisheni akiangalia maiti zinazotembea? Jirani yangu mmoja aliniuliza kwa ukali kidogo: vita na magonjwa tuliyopitia hapa Butembo havikutosha, hata unatafuta mengine kwenye filamu? Hilo ni swali la haki. Leo nataka kulijibu, kwa sababu jibu lake linagusa kikundi chetu na jambo lililo mbele yetu Jumamosi ijayo.

Filamu hiyo ya mfululizo inaitwa The Walking Dead. Ni ya Marekani. Ilianza kuonyeshwa tarehe 31 mwezi wa 10, 2010, ikamalizika mwezi wa 11, 2022, baada ya misimu 11 na sehemu 177. Ilitokana na vitabu vya picha vya Robert Kirkman vilivyoanza kutoka mwaka 2003. Kwetu iliingia kwa njia ya flashi: kijana wangu alijaziwa kwenye kibanda cha simu, ikiwa kwa Kifaransa, na siku ambazo umeme upo tunaangalia sehemu moja, mara nyingine mbili.

Kwa asiyeijua nitaeleza kwa ufupi. Ugonjwa umeenea. Mtu akifa anaamka, anatembea bila akili, anauma walio hai. Serikali imeanguka, hospitali zimefungwa, redio zimenyamaza. Rick Grimes, polisi wa mji mdogo katika jimbo la Georgia, alikuwa amelala hospitalini bila fahamu. Anapoamka anakuta dunia aliyoijua imekwisha. Anamtafuta mke wake Lori na mtoto wao Carl, anawapata, na tangu hapo tunafuata kundi la watu wanaohama kutoka shamba hadi gereza, kutoka gereza hadi kijiji chenye ukuta, wakitafuta mahali pa kulala bila hofu.

Ina damu nyingi, hilo silifichi. Si filamu ya watoto. Kwangu nyumbani, aliye chini ya miaka 16 anakwenda kulala kwanza ndipo tunawasha.

Kilichonishika si maiti. Baada ya misimu miwili, watu wa filamu wanawazoea wale wafu kama sisi tulivyozoea mvua: unajua inakuja, unajua pa kujikinga. Kinachovunja makambi yao, mara nyingi, ni watu walio hai, na zaidi ni maamuzi ambayo mmoja au wawili waliyafanya gizani, halafu wengine wakabeba mzigo wake.

Chukueni mzee Hershel. Ana shamba zuri, ng'ombe, kisima na binti zake. Anawapokea Rick na wenzake kwa sababu Carl amepigwa risasi. Lakini katika ghala lake la mbao amefungia wafu: yumo mke wake, yumo mtoto wa kambo, wamo majirani. Anawalisha kuku. Kwake, hao ni wagonjwa wanaongoja dawa. Hakuwaambia wageni. Binti yake Maggie naye alimwomba kijana Glenn anyamaze. Siku hizo zote, Carol, mama mmoja wa kundi, anamtafuta binti yake Sophia aliyepotea msituni. Wanaume wanatoka kila asubuhi kumtafuta. Siri inapojulikana, mtu mwenye hasira anavunja mlango wa ghala, wafu wanatoka mmoja mmoja na kupigwa risasi. Wa mwisho kutoka ni mtoto. Ni Sophia. Walikuwa wakimtafuta mbali, naye yumo humo ndani, hatua chache kutoka mahema yao. Hershel hakujua kwamba alikuwemo, kwa maana aliyewakusanya wafu alikuwa amekufa kabla ya kusema. Siri moja ilikuwa imefunika nyingine.

Mara ya kwanza nilipoona sehemu hiyo nilizima televisheni, nikakaa. Sikumchukia mzee Hershel. Sisi wa Butembo hatuwezi kumchukia. Ebola ilipotangazwa Kivu ya Kaskazini tarehe 1 mwezi wa 8, 2018, hadi ilipotangazwa kwisha tarehe 25 mwezi wa 6, 2020, watu 2,287 walikufa. Katika miezi hiyo, ni nani kati yetu hakusikia habari za nyumba iliyomficha mgonjwa wake chumba cha nyuma? Waliomficha hawakuwa wabaya. Walikuwa wameona ndugu wakiingia kwenye hema la matibabu kwa miguu yao na kurudishwa ndani ya mfuko uliofungwa, bila mama kuona uso wa mtoto. Walificha kwa upendo na kwa woga, kama Hershel.

Tena kumbukeni kwamba giza lilikuwa pande mbili. Uchaguzi wa mwezi wa 12, 2018 uliahirishwa kwa watu wa Beni na Butembo, na ugonjwa ukatajwa kuwa mojawapo ya sababu. Wengi wakasema: kumbe ugonjwa huu ni siasa! Mwanzoni mwa 2019 vituo vya matibabu vya Katwa na vya hapa Butembo vikashambuliwa na kuchomwa. Mtu akiamuliwa jambo bila kuambiwa, anatafuta maelezo yake mwenyewe, na maelezo ya mtu mwenye hofu huwa na moto ndani. Kilichosaidia, kwa macho yangu, ni vitu vidogo vya kuonyesha: vyumba vya plastiki vinavyopenyeza macho, vilivyotumiwa huko Beni, ambamo familia iliweza kumwona mgonjwa wao na kuzungumza naye, na mazishi ambamo ndugu waliruhusiwa kusimama, kuomba na kuona kaburi. Ugonjwa ulikuwa uleule. Ila watu walianza kuona kinachofanyika.

Turudi Georgia. Rick naye ana siri. Daktari mmoja wa Atlanta, kabla ya kufa, alimnong'oneza kwamba wote walio hai wamekwisha kuambukizwa: hata usipoumwa, ukifa utaamka. Rick akanyamaza kwa muda mrefu. Alitaka kuwalinda wasikate tamaa. Alipowaambia mwishoni mwa msimu wa pili, barabarani, wakiwa wamepoteza shamba, habari yenyewe iliwatisha, lakini kilichowaumiza zaidi ni kwamba alijua siku zote hizo. Walimwangalia kama mgeni. Mkubwa wa nyumba anaposema "sikuwaambia ili niwalinde", mara nyingi wanaosikia wanaelewa neno lingine: "niliwaona watoto."

Sasa niseme habari ya sisi wamama, maana hatuko nje ya jambo hili. Katika msimu huohuo wa pili kundi linamshika kijana anayeitwa Randall, mtu wa kundi jingine lenye silaha. Wakimwachia, anaweza kuwaleta wenzake. Wakimweka, watamlisha nini, nani atamlinda? Wengi wanataka auawe. Mzee Dale anazunguka kwa mtu mmoja mmoja, siku nzima, akiomba: tukae kwanza, tuzungumze, huyu ni binadamu. Wanakaa. Na pale Carol anasema asihesabiwe. Waamue wanaume wakubwa, yeye wamwache. Dale anamjibu kwamba kunyamaza na kuua kwa mkono wako ni kitu kimoja.

Jibu hilo ni kali kwa mwanamke ambaye mumewe alikuwa akimpiga, na ambaye ametoka kumzika mtoto wake. Naelewa kwa nini alichoka. Lakini angalieni alikofika. Baadaye wako gerezani, wamelima bustani, wana baraza la kuamua mambo. Carol ameingia katika baraza hilo pamoja na Hershel, Daryl, Glenn na Sasha. Homa kali inaingia. Watu wawili wa kwanza, Karen na David, wametengwa. Mtu anawaua na kuichoma miili yao, ili homa isienee. Rick anapochunguza, anamuuliza Carol, naye anajibu bila kusitasita kwamba ni yeye.

Mama aliyesema mwachieni mwingine aamue, sasa ameamua peke yake kwa niaba ya wote. Kwangu mambo hayo mawili ni ndugu. Katika yote mawili, hakuna aliyekaa na mwenzake kuzungumza. Na homa ilienea vilevile. Karen alikuwa mpenzi wa Tyreese. Tyreese alifuata alama za damu mpaka akaikuta miili uani. Baraza lilikuwepo, viti vilikuwepo, na Carol mwenyewe alikuwa na kiti. Hakukitumia. Rick alipogundua, naye hakupeleka neno barazani: alimchukua Carol kwa gari, wakiwa wawili tu, akamwacha njiani na chakula kidogo. Siri ikajibiwa kwa siri.

Kuna mahali Carol anabadilika, nami naona ni pazuri kuliko pote katika filamu hiyo. Baadaye anakutana tena na Tyreese, wanalea watoto pamoja, na Tyreese bado hajui. Usiku mmoja, baada ya msiba mwingine wa kutisha, Carol anakaa naye mezani, anamwambia kwamba ni yeye aliyemuua Karen, anasukuma bastola mbele yake, anamwambia afanye anachoona kinafaa. Tyreese anakaa kimya muda mrefu. Halafu anamsamehe, akimwambia kwamba hatasahau. Aliyeonewa ndiye alipewa nafasi ya kuamua, hata kama alichelewa kupewa.

Na Maggie? Yule binti wa Hershel aliolewa na Glenn. Akiwa na mimba, mkuu wa genge linaloitwa Wakombozi, mtu anayeitwa Negan, alimuua Glenn kwa rungu mbele ya macho yake. Genge hilo lilikuwa likidai nusu ya kila kitu ambacho vijiji vinazalisha. (Sisi tunaolipa kwenye vizuizi vya barabara, hatuhitaji kufafanuliwa.) Vijiji vitatu vikaungana, vikapigana, vikashinda. Mwishoni mwa vita, Rick anamkata Negan shingo, halafu palepale anaamuru daktari amwokoe. Anataka kumfunga maisha, ili watu waone kwamba inawezekana kuishi bila kulipiza. Mtoto wake Carl, kabla ya kufa, alikuwa amemwomba amani.

Uamuzi huo unaweza kuwa mwema. Mimi, mkristo, siwezi kusema rehema ni mbaya. Lakini Maggie alikuwa hapohapo uwanjani, akipiga kelele za kukataa, na hakuna aliyemuuliza kabla. Rehema ilitolewa na mtu ambaye hakuwa mjane wa Glenn. Matokeo yake? Baadaye Maggie na watu wawili wanakaa chumbani wakipanga, na tangu hapo vijiji vilivyoshinda vita pamoja vinaanza kuachana. Wakati mmoja Maggie anasafiri mwenyewe hadi kwenye kifungo kumuua Negan. Anamkuta amedhoofika, anaomba auawe ili amfuate mke wake, na Maggie anamwacha aishi. Hapo kwa mara ya kwanza uamuzi ni wake. Lakini miaka inapita, Maggie yuko mbali, na Negan anafunguliwa kwa siri, na Carol tena, kwa ajili ya kazi aliyompa. Maggie anaporudi anakutana naye akitembea huru. Kidonda kinafunguka upya.

Mwisho wa mfululizo Negan anamwomba radhi. Maggie anapokea maneno yake, lakini anamwambia wazi kwamba hawezi kumsamehe. Anajitahidi tu asiishi akimchukia. Nilipenda ukweli huo. Filamu nyingi zingewakumbatisha. Hapa mama anabaki na maumivu yake, na kijiji kinabaki na nafasi ya kuishi, kwa sababu hatimaye mambo yamesemwa mchana.

Sasa nifike kwetu. Wengi wenu mmekwisha kusikia kwamba mama mmoja wa kartie yetu ameomba kuingia katika kikundi chetu cha akiba. Mtoto wake amerudi kutoka msituni, alikokuwa na kundi la wenye silaha tangu akiwa na miaka 15. Anaishi kwa mama yake, anasukuma chukudu, anabeba makaa. Na kikundini yupo mwenzetu mjane, ambaye bwana yake aliuawa akitoka shambani. Hakuna anayesema kijana huyo ndiye aliyefanya. Lakini ukikaa kwenye benchi moja na mama yake kila Jumamosi, mkihesabu franga pamoja, moyo unauliza maswali.

Katika kamati kuna waliopendekeza jina liandikwe kimyakimya mwanzoni mwa mzunguko mpya, ili kusiwe na makelele. Nia yao ni njema. Walitaka kuepusha ugomvi, na walitaka kumlinda mjane asiamshiwe kilio. Nikawaza ghala la Hershel, nikawaza Rick na siri yake. Mimi na mama mtunza fedha tukaomba ruhusa ya kwenda kwanza nyumbani kwa mjane, tumwambie sisi wenyewe.

Tulikwenda Jumanne jioni. Tulimwambia yote. Aliendelea kuchambua maharage kwa muda, bila kutuangalia. Kisha akasema: "Asanteni kwa kuniambia kabla sijasikia sokoni. Sijui bado nitasema nini." Tukamuuliza kama anakubali azungumze wa kwanza Jumamosi, kabla ya mtu mwingine yeyote, na kama akitaka kunyamaza, tusubiri wiki nyingine. Akakubali. Siku iliyofuata tulikwenda pia kwa mama wa kijana, tukamwambia kwamba ombi lake litajadiliwa wazi, na kwa nini. Alilia, lakini alisema ni afadhali akataliwe mbele ya watu kuliko kupokelewa kwa mlango wa nyuma, aje kufukuzwa siku mtu atakapopiga kelele. Wote wawili wamenipa ruhusa ya kuandika haya bila majina yao.

Sisemi kila neno litangazwe sokoni. Hapa kwetu kuna siri zinazookoa maisha: mtu amelala wapi, nani alipita njia gani. Siri ya namna hiyo inamlinda asikamatwe na adui. Lakini uamuzi ambao mwenzako ataubeba mgongoni hauwezi kuwa siri kwake. Kipimo changu ni swali moja: nani atakayelala na jambo hili usiku? Huyo aambiwe kwanza, aulizwe kwanza, hata kama jibu lake litatuchelewesha.

Tena sisi tunaijua kanuni hiyo tayari. Sanduku letu la akiba lina kufuli tatu, na funguo zake ziko kwa wamama watatu wa avenyu tatu. Hakuna anayeweza kulifungua peke yake, hata mwenyekiti, hata kwa nia njema, hata kama mtoto wake ni mgonjwa. Hatukuweka kufuli tatu kwa kuwa tunadhaniana wezi. Tuliziweka ili kila mmoja alale akijua kwamba jasho lake halitaguswa bila yeye kuwepo. Kama tunalinda hivyo pesa za kununua unga na kulipa shule, tuulinde hivyo moyo wa mjane na jina la kijana aliyerudi.

Jumamosi mje wote, saa nane. Tutaanza kwa sala, kisha tutamsikiliza mwenzetu mjane. Akimaliza, au akinyamaza, ndipo mama wa kijana atazungumza. Kisha kila mmoja wetu aseme neno lake kwa kinywa chake, maana hatutakubali mtu aseme "ninyi mwamue, mimi msinihesabu". Huenda tutakubali, huenda tutakataa. Sijui. Ninachowaomba ni kwamba, jibu lolote litakalotoka, kila mama katika avenyu zetu aweze kusema: nilikuwepo, niliulizwa, nilisikika.